Padri Ruy López, Bingwa wa Sataranji

Toka Bunia hata ng'ambo ya Ziwa Albert, msomaji amekwisha kuona mara nyingi wazee wawili wameketi kivulini, na kati yao ubao wenye mashimo na kete. Wenzao huwazunguka, wakitazama kimya. Mchezaji hodari hana haraka. Huhesabu moyoni mwake kwanza, ndipo anyoshe mkono. Tena akishindwa hana wa kumlaumu, kwa maana kete zote zi wazi mbele ya macho ya watu, wala hakuna lililofichwa. Kwa sababu hiyo mchezo wa namna hii huonyesha moyo wa mtu ulivyo: saburi yake au hasira yake, unyenyekevu wake au kiburi chake.

Huko Asia na Ulaya upo mchezo mwingine wa akili, nao huitwa sataranji. Zamani, zaidi ya miaka mia nne iliyopita, mtu aliyesifiwa kuliko wote katika mchezo huo alikuwa padri, jina lake Ruy López de Segura, Mhispania. Aliwashinda wengi, naye akaja kushindwa mbele ya mfalme wake mwenyewe. Walakini hata leo, po pote duniani watu wachezapo sataranji, jina lake hutajwa, hali majina ya wengi waliowashinda wenzao yamesahauliwa. Habari za maisha yake zinafaa kujulikana, ili ionekane ni jambo gani la mtu hudumu, na ni lipi hupita.

MCHEZO WENYEWE

Sataranji huchezwa na watu wawili juu ya ubao wenye vyumba 64, mistari minane ya vyumba vinane vinane. Kila mmoja ana kete 16, kama jeshi dogo: mfalme mmoja, malkia mmoja, ngome mbili, farasi wawili, tembo wawili, na askari wanane wa miguu. Kila kete ina mwendo wake. Ngome huenda moja kwa moja, tembo huenda mshazari, farasi huruka, askari husogea mbele hatua kwa hatua wala harudi nyuma kamwe. Mwisho wa vita ni mfalme kuzingirwa hata asiwe na pa kukimbilia.

Mchezo huu ulianza katika nchi ya India. Wahindi wakawapa Waajemi, Waajemi wakawapa Waarabu, nao Waarabu wakauchukua mpaka Hispania walipoitawala nchi ile. Ndiyo sababu jina lake ni la Kiajemi lililopita katika kinywa cha Waarabu, na Wahispania hata leo humwita tembo kwa neno la Kiarabu.

Kwa miaka mingi malkia alikuwa kete dhaifu, mwenye kwenda chumba kimoja tu. Lakini karibu na mwisho wa miaka ya 1400, Wahispania na Waitalia waligeuza sheria. Malkia akapewa ruhusa ya kwenda mbali pande zote, akawa kete yenye nguvu kupita zote. Tangu hapo mchezo ukawa wa kasi na wa hatari. Maarifa mengi ya wazee hayakufaa tena, ikawapasa watu kujifunza upya. Mwaka 1497 Mhispania mmoja, Lucena, alipiga chapa kitabu cha sataranji katika mji wa Salamanca. Mwaka 1512 Damiano, Mreno mwenye kazi ya kuuza dawa, alipiga chapa chake huko Roma, nacho kikasomwa sana.

Haikuwa watu wote waliupenda mchezo huu. Mtakatifu Ludoviko, mfalme wa Ufaransa, aliwakataza maofisa wake kuucheza katika mwaka 1254, pamoja na michezo ya dadu, kwa kuwa watu walikuwa wakiwekeana fedha na kupoteza siku zao. Onyo hilo lilikuwa la haki. Jambo lililo jema kwa kuinoa akili huwa baya likimnyang'anya mtu kazi yake na mkate wa watoto wake.

MTU WA ZAFRA

Ruy López alizaliwa mnamo mwaka 1530 katika mji wa Zafra, katika jimbo la Extremadura, upande wa magharibi wa Hispania. Jimbo lile ni la jua kali na mashamba makavu. Watu wake wengi waliliacha wakaenda kutafuta utajiri ng'ambo ya bahari. Cortés aliyeishinda Meksiko, na Pizarro aliyeishinda Peru, wote wawili walikuwa wenyeji wa jimbo hilo. Ruy López hakufuata njia ya upanga. Alisoma, akawa padri. Vita alivyopigana ni vile vya ubaoni, visivyomwaga damu ya mtu ye yote.

Siku zile Hispania ilikuwa chini ya Mfalme Filipo wa Pili, aliyetawala tangu mwaka 1556 hata mwaka 1598. Wakuu wa nchi waliipenda sataranji, na mchezaji hodari aliweza kukaribishwa katika nyumba ambazo mtu mwingine hangepita mlangoni. Hapakuwa na vyama vya mchezo kama siku hizi, wala mashindano ya kila mwaka, wala mshahara. Mchezaji aliishi kwa fadhili za wakubwa. Akimpendeza bwana, alipata zawadi na ulinzi. Asipompendeza, alirudi kwao mikono mitupu. Padri Ruy López naye alipata kibali kwa Mfalme Filipo. Inasimuliwa kwamba mfalme alimvika mkufu wa dhahabu wenye sanamu ya ngome ya sataranji.

SAFARI YA ROMA

Mwezi wa Agosti mwaka 1559 Papa Paulo wa Nne alifariki. Makardinali walikaa miezi mingi katika kumchagua wa pili wake, hata siku ya Noeli ya mwaka ule akachaguliwa Pio wa Nne, ndiye Papa aliyeumaliza Mtaguso wa Trento katika mwaka 1563. Mwaka 1560 Padri Ruy López alisafiri kwenda Roma kwa mambo ya Kanisa. Kazi yake ilikuwa hiyo; lakini Roma ilikuwa na wachezaji wengi wa sataranji, naye hakuweza kujizuia asipimane nao.

Kati yao alikuwako kijana wa miaka kumi na minane, aitwaye Giovanni Leonardo, mzaliwa wa Cutro, kijiji cha Calabria, kusini kabisa mwa Italia. Alikuwa Roma kwa masomo ya sheria. Kwa kuwa alikuwa mdogo wa umri na wa umbo, watu walimwita Kitoto. Waroma walimtumaini sana kijana huyu, wakamkutanisha na padri mgeni. Padri Ruy López akamshinda.

Mtu aliyeshindwa mbele ya rafiki zake huwa na njia mbili. Aweza kuuchukia mchezo, au kumchukia aliyemshinda, na kukaa na uchungu wake. Au aweza kukubali kwamba hajui, akaanza kujifunza. Leonardo alichagua njia ya pili. Alexandro Salvio, Mwitalia aliyeandika habari zake katika kitabu kilichopigwa chapa mwaka 1634, anasimulia kwamba kijana alitoka Roma akaenda Napoli, akajifunza huko muda wa miaka miwili, akicheza kila siku na walio hodari.

KITABU CHA MWAKA 1561

Wakati ule ule Padri Ruy López naye hakukaa bure. Huko Roma alikuwa amekiona kitabu cha Damiano, wala hakukubaliana nacho. Aliporudi kwao aliandika kitabu chake mwenyewe kwa lugha ya Kihispania, kikapigwa chapa mwaka 1561 katika mji wa Alcalá de Henares, wenye chuo kikuu mashuhuri. Kitabu kilikuwa na sehemu nne. Ndani yake alieleza asili ya mchezo na faida zake, akaweka sheria zake, akafundisha namna nyingi za kuanza vita, kisha akamjibu Damiano neno kwa neno.

Yafaa kulieleza jambo moja la mabishano yao, kwa maana ndilo lililolihifadhi jina lake. Mwanzoni mwa mchezo, mmoja humleta farasi wake ili amtishe askari wa adui. Damiano alifundisha kwamba ni vema huyo wa pili amlete farasi wake pia, amlinde askari. Padri Ruy López akasema kwamba ulinzi huo hautoshi. Alionyesha namna ya kumtuma tembo mbali, amwelekee yule farasi mlinzi. Yaani asimshambulie anayelindwa, bali amsumbue anayelinda. Mtu wa kijijini atafahamu mara moja: mlinzi wa zizi akisumbuliwa upande mmoja, mbuzi wamo hatarini upande wa pili.

Katika mabishano hayo kila mmoja wao alikuwa na sehemu ya haki. Wachezaji waliofuata waliona kwamba ulinzi wa Damiano haukuwa mbaya kama padri alivyodhani. Hata leo mabingwa huutumia. Lakini waliona pia kwamba shambulio la padri ni la nguvu nyingi, nao wakaliita kwa jina lake. Kwa hiyo mtu aliyekosa katika kumlaumu mwenzake alipata sifa kwa jambo jema alilolifundisha katika kumlaumu.

Neno lingine aliloliandika limeenea katika lugha nyingi. Alipokuwa Italia aliwasikia wachezaji wakitaja ngwala, ile hila ya mieleka ya kumkata mwenzako mguu aanguke. Kwa Kiitalia neno hilo limetoka katika neno lenye maana ya mguu. Waliitaja hivyo hila ya kumtoa askari mmoja aliwe bure, ili adui avutwe mahali pabaya na jeshi lako lipate njia. Padri Ruy López ndiye aliyelitia neno hilo kitabuni kwa mara ya kwanza, na kutoka humo likaingia katika lugha za Ulaya. Siku hizi hata watu wasioijua sataranji hulitumia.

Lakini katika kitabu hicho hicho limo shauri lisilopendeza. Aliwafundisha wasomaji wauweke ubao hivi kwamba jua limpige mpinzani machoni. Shauri hilo halimfai mtu mwungwana, sembuse padri. Ajuaye kucheza hana haja ya kumpofusha mwenzake. Wala si vema kulificha neno hili kwa ajili ya kumheshimu. Laonyesha kwamba mtu mwenye elimu na cheo kitakatifu aweza kuwa na moyo unaotaka mno kushinda. Kiu hiyo ya ushindi ilikuwa haijapata kujaribiwa bado.

MBELE YA MFALME

Miaka kumi na mitano ilipita tangu siku za Roma. Leonardo alikuwa sasa mtu mzima. Salvio anasimulia kwamba aliporudi kwao Calabria alikuta ndugu yake amechukuliwa mateka na maharamia wa baharini. Akaenda kumkomboa, akamkuta nahodha wao ni mpenda sataranji, wakacheza. Naye Leonardo akamshinda, akampata ndugu yake huru pamoja na fedha. Watu wa Italia walipenda sana kuisimulia habari hiyo.

Mwaka 1575 Leonardo alifika Madrid, mji uliokuwa makao ya mfalme tangu mwaka 1561. Mwitalia mwingine hodari, Paolo Boi wa Sirakusa, alikuja pia. Kwa upande wa Hispania walikuwako Padri Ruy López na mwenzake Alfonso Cerón. Mfalme Filipo akataka wapimane mbele yake. Wengi huuhesabu mkutano ule kuwa mashindano ya kwanza ya sataranji kati ya mabingwa wa nchi mbalimbali.

Padri Ruy López alikuwa sasa mtu wa miaka arobaini na mitano hivi. Kwa miaka mingi hakuonekana wa kumpita. Mbele yake aliketi yule yule aliyemshinda Roma angali mvulana. Mfalme wake alikuwa akitazama, na wakuu wa nchi yake, nao wote walimtegemea yeye. Salvio anasema kwamba Leonardo alishindwa mara mbili za kwanza, hata watu wakadhani mambo ni yale yale ya zamani. Kisha akashinda mara tatu mfululizo, mchezo ukawa wake. Paolo Boi naye akamshinda Padri Ruy López.

Inasimuliwa kwamba mfalme alimpa Leonardo zawadi kubwa ya fedha, na kwamba alipoulizwa haja yake, aliomba watu wa kijiji chake Cutro wasamehewe kodi kwa miaka ishirini. Kama ndivyo, basi wakulima wa kijiji kile maskini walikula matunda ya akili ya mwana wao, ingawa wao wenyewe hawakupata kuuona ubao ule wa Madrid.

Padri Ruy López hakuishi sana baada ya siku ile. Alifariki mnamo mwaka 1580. Leonardo mwenyewe alifariki mwaka 1587, angali na nguvu zake, na Paolo Boi mwaka 1598, mwaka ule ule aliofariki Mfalme Filipo. Basi washindi na washindwa wote wakaondoka, na mfalme aliyewatazama akaondoka pia.

ALICHOKIACHA

Mwaka 1584, miaka minne hivi baada ya kifo chake, kitabu cha Padri Ruy López kilitafsiriwa kwa Kiitalia kikapigwa chapa huko Venezia. Hili ni jambo la kufikiri. Waitalia ndio waliomshinda, nao ndio waliotaka kusoma mafundisho yake. Walijua kwamba mtu aweza kushindwa ubaoni, na maarifa yake yakawa kweli vilevile.

Mchezaji anayeyaficha maarifa yake hufa nayo. Siku anayoshindwa hana kitu tena, kwa maana alikuwa na ushindi tu, na ushindi umempita. Padri Ruy López alikuwa na tamaa ya kushinda kama wengine, hata akafundisha hila ya jua. Lakini aliyoyajua aliyaandika na kuyatoa, ayasome atakaye, rafiki na adui. Aliposhindwa mwaka 1575, kitabu chake kilikuwa kimekwisha kuenea miaka kumi na minne. Hakuna aliyeweza kumnyang'anya jambo hilo.

Katika siku zile zile, na katika nchi ile ile ya Hispania, aliishi Mtakatifu Teresa wa Avila, aliyefariki mwaka 1582. Yeye naye aliijua sataranji. Katika miaka ya 1560 alipowaandikia masista wake kitabu cha kuwaongoza katika sala, alitumia mfano wa mchezo huu. Aliwakumbusha kwamba malkia ndiye kete inayombana mfalme kuliko zote. Kisha akawafundisha kwamba katika maisha ya roho malkia huyo ni unyenyekevu, na kwamba hakuna kinachomvuta Mungu, aliye Mfalme, kuja kwa mtu kama unyenyekevu. Kwa sababu ya mfano huo, katika mwaka 1944 wachezaji wa sataranji wa Hispania walipewa Mtakatifu Teresa kuwa msimamizi wao. Padri Ruy López aliujua mwendo wa malkia ubaoni kuliko watu wote wa wakati wake. Malkia yule wa pili, siku ya Madrid ndiyo iliyompa nafasi ya kumjua.

Karne baada ya karne mabingwa wamelitumia shambulio lake. Mwaka 1972, Mmarekani Bobby Fischer na Mrusi Boris Spassky waliposhindania ubingwa wa dunia huko Reykjavík, katika nchi ya Iceland, mchezo wao wa kumi ulianza kwa njia ile ya padri wa Zafra. Mchezo wenyewe umefika karibu pia. Ng'ambo ya Ziwa Albert, katika mtaa maskini wa Katwe mjini Kampala, mwalimu Robert Katende alianza mwaka 2004 kuwafundisha watoto sataranji, wasiwe watoto wa kuzurura. Mmoja wa watoto hao, Phiona Mutesi, aliiwakilisha Uganda mwaka 2010 katika mashindano makubwa ya mataifa yaliyofanyika Khanty-Mansiysk, Urusi. Naye alifika huko kwa sababu kuna mtu aliyemfundisha aliyoyajua.

Huyo ndiye Padri Ruy López. Hakuwa mtakatifu wa kuombwa, wala maisha yake hayakuwa bila dosari. Akili yake ilikuwa karama, na karama haikukaa kwake ikaoza. Mtu ajuaye kulima, au kufua chuma, au kusoma, au kuwatibu wagonjwa kwa majani, atakutana siku moja na kijana atakayempita. Siku hiyo haina aibu, ikiwa kijana huyo alijifunza kitu kwake.